Ingia Tena

Katika mji ule siku hazikuwa na majina. Watu walizijua kwa kilichoiva jikoni: jana ilikuwa siku ya mihogo, juzi siku ya dagaa, na ya leo itajulikana mtu akishafunua sufuria. Ukimwuliza mwenyeji jambo fulani lilitokea lini, alifumba macho kidogo kama anayetafuta ladha iliyobaki mdomoni, kisha akasema, "Siku ya kisamvu, tena kisamvu chenyewe hakikuwa na nazi." Wote waliokaa naye wakaitikia kwa kichwa. Siku hiyo ya kisamvu ingeweza kuwa ya wiki iliyopita au ya miaka tisa iliyopita, na hakuna aliyeona haja ya kutenganisha, kwa sababu katika mji ule miaka haikupita kwa foleni. Ilikaa pamoja ndani ya chumba kimoja, kama ndugu waliofika msibani, na mtu akiingia alimkuta yeyote kati yao karibu na mlango.

Huko ndiko alikofika Yusta na kamera yake.

Yusta alikuwa mwanamke wa miaka arobaini na kitu, mrefu, mwenye bega moja lililoshuka kwa kubeba mikoba ya vifaa. Kazi yake ilikuwa kutengeneza filamu za maisha ya watu. Si filamu za ngumi wala za mapenzi, bali za watu wanaoamka, wanaochota maji, wanaouguza, wanaofua, watu ambao gazeti haliwaandiki mpaka nyumba iwaangukie. Alitembea na Gervasi, mshika maiki, mtu mzima mpole mwenye hedifoni kubwa masikioni, ambaye kwa miaka kumi na miwili alikuwa amezoea kuusikia ulimwengu kwanza na kuuona baadaye.

Kilichomwingiza Yusta katika kazi hiyo hakukisema mara nyingi. Mama yake alifariki yeye akiwa na miaka sita, na hakuacha picha hata moja, hata ile ndogo ya kitambulisho. Mwanzoni mtoto aliuona uso wa mama kila alipofumba macho. Kisha uso ukaanza kupungua. Likaondoka paji, kikaondoka kidevu, yakaondoka macho, mpaka ikabaki mikono miwili inayopepeta mchele kwenye ungo, bila mwenye mikono. Tangu hapo Yusta aliamini kwa moyo wote kwamba kisichopigwa picha kinakufa mara mbili. Kila asubuhi kabla ya kuwasha kamera alisali, "Ee Mungu, nisaidie nisimwache mtu apotee." Ilikuwa sala njema. Lakini mtu anaweza kusimama na sala njema juu ya kifua cha mwenzake asijue kwamba amemkanyaga.

Mji ule ulikuwa ukipotelewa na watu. Mamlaka ilikuwa inajenga Barabara. Hakuna aliyeiona Barabara yenyewe, wala aliyejua inatoka wapi kwenda wapi. Ilisemwa tu kwamba ni ndefu, na kwamba ikikamilika kila mtu atafika. Mara kwa mara alikuja mtu mwenye karatasi nyeupe yenye mhuri, akasoma jina, na mwenye jina akavaa viatu akaenda. Wachache walirudi. Yusta alikuja kuwapiga picha waliobaki: namna wanavyokula, wanavyogombana, wanavyocheka, wanavyolala upande mmoja wa kitanda ilhali kitanda chote ni chao. Alikuwa ameshakaa nao sufuria arobaini.

Asubuhi ya siku hiyo alipoingia kichochoroni, jirani mmoja aliyeitwa Leokadia, mkaanga vitumbua, alimwona kwa mbali akapaza sauti.

"Bi Rudia huyo! Jamani, ficheni ndoo zenu!"

"Leokadia, mbona unanitangaza hivyo?"

"Nisikutangaze vipi? Jana umenichotesha maji mara nne. Mara ya kwanza jua baya. Mara ya pili nimecheka. Mara ya tatu eti nimechota kama mtu anayepigwa picha. Sasa shoga yangu, kwani nilikuwa nafanya nini?"

Gervasi alicheka mpaka maiki ikatikisika. "Na ile ya nne?" akauliza.

"Ya nne aliipenda. Lakini mimi nina maji ya kuoga mpaka ukoo wangu uishe."

Yusta naye alicheka, kwa kuwa ilikuwa kweli. Watu wote wa kazi yake wana neno hilo, rudia. Maisha hayamsubiri mpiga picha. Yanatokea wakati anabadilisha betri, wakati anapiga chafya, wakati wingu limefunika jua. Basi mpiga picha anaomba. Samahani mama, hebu funga mlango tena. Samahani mzee, hebu mlishe mtoto tena, polepole. Na watu, kwa ukarimu walio nao, wanarudia. Yusta hakuwahi kuona ubaya wa jambo hilo. Aliona ni sawa na mtu kusema "nimekupata nusu, hebu sema tena," na kumwomba mtu aseme tena ni heshima, ni kumsikiliza. Hivyo ndivyo alivyojieleza. Ila zipo nyakati, hasa baada ya mtu kurudia tendo lake mara ya tatu na uso wake ukawa umeganda, alipohisi swali likimpita moyoni kama mtu anayepita dirishani: kumtazama mtu ni kumpenda, au ni kumchukua? Naye alilitazama dirisha mpaka mtu huyo amepita, akaendelea na kazi.

Siku hiyo walikuwa kwa Mama Anselmi. Huyu alikuwa mwanamke mfupi, mwenye sauti nzito na vidole vyepesi, aliyeishi katika nyumba ya vyumba viwili ambayo mlango wake ulifungukia kichochoroni moja kwa moja. Mwanawe wa pekee, Anselmi, alichukuliwa kwenda kwenye Barabara. Yusta alikuwa amemwuliza lini.

"Siku ya maharage," alijibu Mama Anselmi.

"Ndiyo, mama, lakini ni muda gani sasa?"

"Si nimekwambia? Siku ya maharage. Karatasi ilikuja nikiwa nachambua, akaondoka kabla hayajachemka. Tangu hapo sijapika tena maharage."

Na leo, bila kuambiwa na mtu, alikuwa ameyatoa maharage kwenye gunia dogo, akayachambua, akayabandika. Yusta aliona ungo. Akasimamisha kamera kwenye kona, mkabala na mlango, mahali ambapo mtu angeweza kuona jiko, jamvi na kizingiti kwa pamoja. Alipiga picha tangu maji yalipoanza kuimba mpaka mvuke ulipopanda. Adhuhuri Mama Anselmi akamwambia, "Mwanangu, hicho kidude nacho kinahitaji kupumzika. Zima, ule kihogo hiki kilichobaki. Mtu hawezi kutazama tu siku nzima kama mzuka."

Yusta akazima. Akakaa chini, akamega muhogo, akatia mdomoni.

Hapo ndipo Anselmi alipoingia.

Hakubisha hodi. Aliingia kama mtu aliyetoka uani kutupa takataka, akainama kidogo kwenye kizingiti kwa kuwa mlango ulikuwa mfupi kuliko yeye, akasimama. Alikuwa na vumbi jekundu hadi kwenye nyusi. Mama Anselmi aligeuka kutoka jikoni na mwiko mkononi. Hakupiga kelele. Alimtazama tangu unyayo hadi utosi, taratibu, kama anayesoma barua kutoka mwanzo ili asiruke neno. Kisha akasema, "Yamekaribia kuiva." Na mwanawe akasema, "Nimesikia harufu, mama." Na kile kilichotokea kwenye nyuso za watu hao wawili kwa muda wa pumzi tatu, Yusta alikiona kwa pembe ya jicho tu, kwa sababu mkono wake ulikuwa umeshakimbilia kamera, na kidole kilikuwa kinatafuta kitufe.

Alipokipata, pumzi tatu zilikuwa zimeisha. Taa nyekundu iliwaka juu ya mama na mwana waliosimama tu.

Sufuria arobaini! Njia yote ile, na mlango ule, na amekosa! Neno likamtoka lenyewe, neno alilolitumia maelfu ya mara, kwa sauti ile ile ya adabu.

"Samahani sana, kaka. Naomba utoke, uingie tena."

Mtu mwingine angemshangaa. Angesema, wewe nani, au angekaa chini na kuvua viatu. Lakini Anselmi alikuwa ametoka kwenye Barabara, na kwenye Barabara mtu akiambiwa toka, anatoka. Akiambiwa beba, anabeba. Mwili wake ulitii kabla roho haijauliza. Akageuka, akainama chini ya mlango, akatoka. Mlango ukarudi taratibu mpaka ukajifunga.

Yusta akaweka jicho kwenye kamera. Akainua mkono. "Haya," akasema kwa sauti ya kutosha. "Ingia."

Mlango haukufunguka.

"Haya, kaka! Ingia!"

Mama Anselmi bado alikuwa ameshika mwiko. "Amekwenda wapi?"

"Yupo hapo nje, mama. Nimemwomba aingie tena."

"Aingie tena?" Mama alimtazama kwa mshangao wa kweli, usio na hasira hata kidogo. "Kwani hakuwa ameingia?"

Gervasi alikuwa ameshika hedifoni zake kwa mikono miwili. "Namsikia," alisema polepole. "Nyayo. Zinakuja. Zinakuja kabisa, Yusta, ila hazifiki."

Yusta akaruka akafungua mlango. Kichochoro kilikuwa kitupu.

Hapo aliielewa siku. Ilikuwa siku ya maharage, ile ile, wala hapakuwa na nyingine. Anselmi alichukuliwa siku hiyo na kurudi siku hiyo, na katika siku hiyo hiyo mtu alikuwa amemwambia toka. Akaondoka kabla hayajaiva. Safari hii hapakuwa na karatasi wala mhuri. Palikuwa na mgeni mwenye adabu, aliyeanza na neno samahani.

"Namfuata," alisema Yusta, akiichomoa kamera kwenye miguu yake mitatu.

"Mfuate," alisema Mama Anselmi, akashusha moto.

Kichochoro kilikuwa kirefu kuliko alivyokijua. Kibanda cha Leokadia kilibaki nyuma, kikawa kidogo kama kiberiti, na bado kichochoro kiliendelea. Pande zote mbili palikuwa na milango, yote ya mbao zile zile, yote yenye kitasa kile kile. Alikimbia, kisha akatembea, kwa sababu kukimbia hakukubadilisha kitu.

Mungu wangu. Sikumaanisha. Nilitaka tu aonekane. Nilitaka walio mbali wamwone wajue kwamba mama yake alimsubiri. Nilitaka. Nilitaka mimi. Kwani yeye alitaka? Sikumuuliza. Nilisema samahani, na mtu akisema samahani huwa anaona ameshauliza. Ee Mungu, wewe ulimwona alipoingia. Uliona vizuri, bila betri. Mbona hilo halikunitosha? Kama wewe ulimwona, mimi nilikuwa nakusaidia nini?

Mbele ya mlango mmoja alisimama mwanamke mwenye ndoo kichwani. Yusta alimfahamu. Hakuwa wa mji huu. Alikuwa wa filamu ya kwanza kabisa, ya miaka mingi iliyopita, kuhusu kijiji kilichokauka. Maji yalikuwa yakimchuruzika shingoni.

"Dada," alisema yule mwanamke kwa upole, "hii ya ngapi? Wananisubiri nyumbani, lakini ulisema nisiondoke mpaka useme."

"Nilisema lini?"

"Ulisema rudia. Hukusema basi."

Kwenye mlango uliofuata alikuwepo mwalimu mstaafu aliyewahi kulia mbele ya kamera, na sauti ikawa haikuingia, na Yusta akamwomba, samahani mwalimu, kama hutajali, tena kidogo. Bado alikuwa ameshika leso. Machozi yalikuwa yameisha zamani, naye alikuwa akijitahidi, mabega yakipanda na kushuka, akimwangalia Yusta kwa wasiwasi kama mwanafunzi anayetaka kujua amepata ngapi. Mlango uliofuata, baba aliyekuwa akimfuta mtoto mgonjwa jasho. Wengine hata majina yao alikuwa ameyasahau. Walikuwa wengi, walijipanga kichochoro kizima. Hakuna aliyemlaumu. Hilo ndilo lililomvunja moyo. Laiti wangemtukana, angejitetea.

Yule baba alipomwona amekaribia alimfunika mtoto kwa kanga haraka. "Mwandishi amekuja," akanong'ona. Yusta akatazama mkononi mwake. Hakuwa na kamera. Alikuwa ameshika daftari refu lenye jalada jeusi, limejaa majina na saa: nani ametoka, nani ameingia. Mwandiko ulikuwa wake. Alitaka kulitupa, lakini mkono ulilishika kama mtu anavyoshika mkono wa mwanawe sokoni, akajua kwamba kitu hicho hakitupwi kwa kutupwa.

Basi akafanya lile aliloweza. Akamrudia mwanamke wa ndoo, akasimama mbele yake. "Mama, inatosha. Ulichota vizuri tangu mara ya kwanza. Nisamehe, uende nyumbani."

Mwanamke akaishusha ndoo kwa mikono miwili, akaugusa utosi wake kama anayehakikisha bado upo. "Haya, dada. Na wewe upumzike," akasema, akafungua mlango, akaingia. Yusta akaenda kwa mwalimu. Akaenda kwa yule baba. Akaenda kwa kila mmoja, na kwa wale aliosahau majina yao aliuliza jina kwanza, kisha akasema inatosha. Alitumia muda ambao siwezi kuupima. Kila mlango ulipofungwa daftari lilipungua ukurasa, na mwishoni aliona ameshika tena kamera, imezimwa, nzito kama kawaida.

Ndipo akamwona Anselmi. Alikuwa amesimama katikati ya kichochoro, mikono imeshuka ubavuni, akitazama mlango huu kisha ule.

"Kaka Anselmi."

"Naam, dada. Niingie sasa?"

"Mbona hukuingia nilipoita?"

"Sikujua ni upi." Alisema bila uchungu, kama mtu anayetoa taarifa kwa msimamizi. "Mara ya kwanza sikuwa natafuta mlango. Nilikuwa natembea, nikasikia harufu, miguu ikaingia. Sasa umenituma wewe. Nikijiuliza niingieje, niiname namna gani, milango yote inafanana."

"Nitakuonyesha. Nifuate mimi."

Alitikisa kichwa. "Nikikufuata, nitafika ulipo wewe. Mimi nataka kwa mama."

"Basi nitasimama mlangoni, nikupungie mkono."

"Dada," alisema Anselmi, na kwa mara ya kwanza alitabasamu, na vumbi likapasuka kwenye mashavu yake, "kule nilikotoka kulikuwa na watu wa kutupungia mkono tangu asubuhi. Mara ya kwanza ulinipungia?"

"Hapana."

"Ulikuwa unafanya nini?"

Yusta aliona haya. "Nilikuwa nakula muhogo."

"Basi hapo."

Yusta alitamani kumshika mkono, amkokote, amfikishe kwa nguvu mpaka kwenye jamvi la mama yake. Alijua pia kwamba hivyo ndivyo mtu wa karatasi anavyowachukua: kwa mkono, tena kwa nia ya kuwafikisha. Akarudi nyuma hatua moja, kisha nyingine. Akampa kisogo. Kutembea kuelekea nyumbani kwa Mama Anselmi bila kugeuka kuhakikisha kama yule mtu bado yupo lilikuwa jambo gumu kuliko yote aliyopata kufanya kwa miguu yake.

Alimkuta Mama Anselmi akikoroga. "Umemwona?"

"Nimemwona, mama."

"Mzima?"

"Mzima. Amekonda."

"Alikuwa amekonda hata alipoingia. Wewe hukuona, ulikuwa unatafuta kitufe."

Yusta alipiga magoti pale pale penye majivu. "Mama Anselmi, nimekukosea. Mwanao alikuwa amefika. Nilimtoa mimi, kwa ajili ya picha."

Mama alikoroga mara mbili. Kisha akanyoosha mwiko kuelekea kwenye kona iliposimama miguu mitatu ya kamera. "Unajua nani alikaa hapo kabla yako? Mtu wa Mamlaka, mwenye daftari. Alikuja siku tatu kabla ya karatasi. Alisema naye anataka kujua maisha yetu. Tulimpa chai, tena na kitumbua cha Leokadia. Alikaa hapo hapo, kwa sababu hapo mtu anaona mlango, jiko na jamvi kwa pamoja. Tangu hapo, katika mji huu, tukimsubiri mtu hatuutazami mlango. Tunaupa kisogo, tunafanya kazi zetu. Watoto wetu wameshatazamwa vya kutosha."

"Mbona hukuniambia? Sufuria arobaini, mama!"

"Ulikuwa unatupiga picha visogo, ukisema tunapendeza. Nikadhani unajua."

Leokadia alikuwa amekuja mpaka dirishani, mikono na unga. "Sasa mnafanyaje? Mimi nimeshageuka tangu saa ile, shingo inaniuma, na vitumbua vinaungua kwa kuwa jiko liko upande wa mlango."

"Viache viungue," alisema Mama Anselmi.

"Kwa ajili ya Anselmi tu. Kwa mwingine nisingekubali."

Yusta akaikunja miguu mitatu, akaifunga kamera mkobani, akaitoa mkobani mle kadi iliyobeba kazi yote ya asubuhi, akaiweka mkononi mwa Mama Anselmi. Mama aliitazama, hakujua aifanye nini, akaifunga kwenye pindo la kanga yake ya kiunoni. Gervasi akavua hedifoni. Kwa miaka kumi na miwili Yusta hakuwahi kuyaona masikio yake yakiwa wazi mchana. Yalikuwa madogo, yamefuata umbo la zile hedifoni. "Nikiendelea kusikiliza," alisema Gervasi, "ni kama nachungulia." Wakakaa kwenye jamvi, wakaugeukia ukuta.

Ukuta ulikuwa wa udongo, umepakwa chokaa, na ulikuwa na ufa. Yusta alikuwa ametazama vitu vingi maishani, lakini ukuta hakuwahi kuutazama. Mwanzoni macho yalimwasha kwa hamu ya kugeuka. Kila sauti ilikuwa ni Anselmi: kuku aliyepita, gogo lililopasuka motoni, upepo. Alijiambia, nikigeuka mara moja tu, kwa pembe tu, nihakikishe. Kisha nitatulia. Akakumbuka kwamba hivyo ndivyo anavyosema mwenye daftari, tena kwa moyo mwaminifu kabisa. Akafumba macho, na alipofumba akakuta kwamba hasali tena sala yake ya kila asubuhi. Sala nyingine ilikuwa inamtoka, fupi, yenye aibu kidogo. "Bwana, wewe unaona. Niache mimi nisione."

Siku zilipita, au hazikupita. Kwa harufu zilizotoka kwa majirani ilikuwa siku ya mihogo, ikawa siku ya dagaa, ikawa siku ya mchicha wenye karanga. Lakini ndani ya chumba kile ilibaki siku moja, na sufuria lilichemka taratibu bila kukauka. Yusta alimfikiria yule mtu katikati ya milango. Akafikiri kwamba kumwachia mtu njia yake bila kuijua ni namna ya kumshika mkono ambayo hakufundishwa. Baadaye akaacha hata kufikiri hayo. Alihisi miguu ikimfa ganzi. Alisikia Mama Anselmi akionja mchuzi kwa ulimi, akinung'unika kuhusu chumvi, akivuta kigoda. Alisikia Leokadia nje akipiga mwayo. Alianza kukumbuka kwamba ana njaa, kwamba kidole cha mguu kinamwasha, na kwa kitambo kidogo, kile anachokipata mtu aliyekaa nyumbani kwao, alisahau kabisa kwamba anasubiri.

Kivuli kikapita ukutani. Sakafu nyuma yake ikalia kwa uzito wa mtu. Gervasi akamkamata mkono, akaubana. Mwiko wa mama ukaacha kugonga sufuria.

Kisha mtu akainama karibu na bega lake, lile lililoshuka, akiwa na harufu ya vumbi na jasho la safari, akasema kwa sauti ya chini, sauti ya mtu aliyechoka ambaye amefika kwake:

"Dada, sogea kidogo. Hapo ndipo ninapokaa."

Yusta akasogea.